Daftari la Julai

Kumudini Jena alifundisha mantiki miaka ishirini na saba katika chuo cha mashambani, mwendo wa saa mbili kwa basi kutoka mji wa Cuttack, na ile miaka tisa ya mwisho hakuthubutu kubaki peke yake katika chumba cha walimu. Wenzake wakitoka, naye huyo. Darasa la jirani, alimokuwa akifundisha Baidhar Mohanty, lilikuwa limepigwa kufuli na kujaa madawati mabovu. Hata hivyo, kila kipindi cha tatu alisikia chaki ikigongwa mezani humo mara tatu, vilevile Baidhar alivyokuwa akinyamazisha wanafunzi.

"Kuna mtu humo?" alimuuliza mhudumu siku moja.

Mhudumu akacheka. "Labda panya, Madamu. Wanasomea shahada."

Kumudini hakucheka. Baidhar alikuwa amekwisha kufa.

Zamani walikuwa walimu wawili wa mantiki, Baidhar akiwa ameanza kazi Julai, na yeye Agosti ya mwaka uleule. Walifundisha kwa posho ya kubahatisha hadi serikali ilipokubali kuwalipa walimu wa vyuo vile mshahara wa ngazi kamili, na pensheni juu yake. Lakini kila somo lilipewa nafasi moja tu, ya yule aliyetangulia kuajiriwa. Katibu wa chuo, binamu wa baba yake Kumudini, akamwita nyumbani. Mezani palikuwa na daftari jipya la mahudhurio lililoandikwa kwa wino wa kizamani, jina la Baidhar likiwa limesogezwa hadi Agosti.

"Tia sahihi hapa, mwanangu. Julai."

"Na Mohanty Sir?"

"Yule ana mashamba. Wewe una nini?"

Akatia.

Baidhar akaenda mahakamani. Kesi ikaahirishwa na kuahirishwa, hata watu wakachoka kuiulizia. Siku Kumudini alipoitwa kutoa ushahidi, alikaza macho sakafuni akasema, "Mimi ndiye niliyetangulia." Nje, kwenye ngazi, Baidhar alikuwa akimsubiri.

"Dada," alimwambia kwa upole, "siku yako ya kwanza pale chuoni, nani alikuonyesha darasa lako?"

Kumudini akampita, akashuka ngazi. Aliyemwonyesha ni yeye huyohuyo Baidhar.

Kesi ilipofikisha miaka kumi, Baidhar akafa kwa maradhi ya figo. Mashamba yalikuwa yameliwa na mawakili, naye alikuwa akifundisha watoto wa jirani barazani kwake. Wiki ileile ndipo chaki ilipoanza kugonga.

Mjane wake, Sulochana, akaendelea na kesi. Miaka tisa baadaye, Kumudini akiwa amebakiza miezi michache astaafu, jaji mpya aliagiza aitwe tena.

"Yaleyale tu, Madamu," wakili wake alimtuliza. "Dakika tano, unarudi zako nyumbani na pensheni yako."

Karani akasoma, "Marehemu Baidhar Mohanty, kupitia mjane wake." Kumudini akasikia kugongwa mara tatu nyuma yake. Akageuka. Sulochana alikuwa amekaa kimya, mikono mapajani.

"Mheshimiwa," Kumudini akasema, "daftari la mahudhurio ni la uongo. Mimi nilimkuta Mohanty Sir kazini."

"Umejichinja mwenyewe!" wakili akamnong'oneza.

Kweli, alijichinja. Mahakama iliamuru utumishi wa Baidhar uhesabiwe tangu siku yake ya kwanza na mjane apewe pensheni. Kumudini alivuliwa ngazi ya mshahara, akastaafu mikono mitupu.

Alikwenda kwa Sulochana kuomba radhi. Mjane alimzuia mlangoni.

"Kila jioni aliniambia, Kumudini atasema tu. Mpaka pumzi ya mwisho anasema hivyo! Nami namwambia, wewe mwanamume mjinga."

"Nisamehe, wifi."

"Usiniite wifi." Akaanza kufunga mlango, akausimamisha. "Wameniletea fomu za pensheni, za Kiingereza. Kesho njoo unijazie. Lakini ndani kwangu huingii."

Siku tatu Kumudini alijaza fomu barazani. Hakupewa hata chai. Siku ya tatu, akikusanya karatasi, Sulochana alimuuliza kutoka ndani:

"Unapata usingizi?"

"Sipati."

"Mimi pia sipati," mjane akasema, na Kumudini akainuka kwenda kuwahi basi.