Kitabu Kilichosema Usibishane na Mzee

Ningempata aliyeandika kile kitabu, ningemketisha kwenye baraza letu la ushonaji hapa Dzaleka, kambi ya wakimbizi ya Malawi, nimpe chai yenye sukari ya kutosha, halafu nimuulize taratibu: wewe baba, umewahi kuulizwa maswali? Sisemi ya mtihani. Nasema maswali ya mtu mwenye kalamu, ambaye jibu lako lisipomwingia akilini, maisha yako yanabaki palepale miaka mingine kumi.

Kilifika mwaka 2013 ndani ya katoni la msaada kutoka Ubelgiji, kikiwa kimebanwa katikati ya vitabu vya hesabu na majarida ya mapishi ya keki. Kilikuwa cha Kifaransa, jalada gumu, na picha ya mti wenye nyuso za watu kwenye matawi. Kazi yake ilikuwa kukufundisha namna ya kutafuta ukoo wako. Télesphore, mwalimu kutoka Bukavu, Kongo kwetu, anayefundisha Kifaransa kanisani kwetu, akakishika kwa mikono miwili, akaanzisha darasa la Jumamosi. Yeye anasoma, anatutafsiria, sisi tunaandika. Simlaumu. Watu wa Bukavu walikimbia na vyeti vya ubatizo vya babu zao, wamevifunga kwenye nailoni. Sisi wa Fizi tulikimbia na sufuria, na wengine hata sufuria hawakuiona.

Wa kwanza kujiandikisha alikuwa Stéphanie. Tulikuwa tunashona naye, cherehani yake na yangu zimeelekeana, kwa hiyo mambo yake nayajua. Alikuwa na miaka kumi na minane, mtoto mmoja wa kiume, na ulimi ambao wateja wanaochelewesha malipo waliuogopa. Alilelewa na Mama Véronique, dada mkubwa wa mama yake. Mama yake mzazi, Benedicte, alikufa wakati wa kukimbia vita ya 1996, Stéphanie akiwa wa kubebwa mgongoni. Hivyo ndivyo tulivyojua sote. Hakuna picha, hakuna kaburi, hakuna nguo.

Na Stéphanie alikuwa karibu kuondoka. Dosie yake, yaani faili la kwenda Amerika, ilikubaliwa, yeye na mwanawe. Mama Véronique alikuwa kwenye dosie nyingine, na hiyo ilikuwa imelala. Maana yake mtoto angepanda ndege na kumwacha hapa mtu pekee duniani aliyemjua mama yake. Alitaka kabla ya kuondoka apate kitu cha kubeba: alikuwa mtu wa namna gani, alicheka vipi, alipenda nini. Alitaka hicho tu, na hakuwa na njia nyingine ya kukipata.

Sura ya kwanza ya kitabu ilisema anza nyumbani. Mkalishe mzee mahali tulivu. Mletee anachopenda. Uliza maswali mepesi kwanza. Usimkatize. Usibishane naye hata akikosea. Stéphanie alifuata yote. Alinunua mkate na majani ya chai, akatandika mkeka nje ya nyumba yao, akaniita mimi niwe shahidi kama Télesphore alivyoagiza. Akauliza: "Mama, unielezee mama yangu."

Mama Véronique akanyoosha mgongo. Akaweka mikono juu ya magoti, akatazama ukuta.

"Tulitoka Fizi mwezi ya kumi, mwaka 1996," akasema kwa Kiswahili cha kwetu Fizi, ambacho watu ni bantu. "Tulikuwa bantu sita. Bantu ba silaha balitushambulia, hatukubajua. Mudogo wangu Benedicte alikufa njiani. Nilibakia na mutoto wake. Sina mutu mwingine."

Sauti ile naijua. Mimi mwenyewe ninayo. Ni sauti ya intavyu. Tuliulizwa na maofisa wa wakimbizi kambini Tanzania, tukaulizwa tulipofika Malawi, tukaulizwa tena na mtu mpya kila mtu wa zamani alipohamishwa. Kila safari maneno yaleyale kwa mpangilio uleule, maana ukiongeza ndugu umemtoa wapi, na ukisahau mwezi wewe ni mwongo. Basi watu wakayakariri. Wengine walianza kusahau yale ya kweli yaliyokuwa pembeni, jinsi mtu anavyosahau njia asiyoipita. Ukimuuliza bibi wa Dzaleka alizaliwa wapi, anakupa dosie. Na hicho kitabu chenye mti kikatufundisha kuwauliza wazee wetu maswali yaleyale, kwa kalamu mkononi, kwa upole uleule.

Stéphanie akajaribu tena. "Alikuwa anapenda kula nini?"

Mama Véronique akamgeukia, ameshangaa kabisa. "Hiyo habaulizake," akasema, yaani hilo huwa hawaulizi.

Nilitaka kucheka, lakini nilipomtazama Stéphanie nikaona hakuna cha kuchekesha. Alifunga daftari, akasema asante, kama kitabu kilivyotaka.

Sura nyingine ilisema nenda kwenye nyaraka: nyumba ya kumbukumbu iliyo karibu nawe, rejista za parokia, orodha za makaburi. Iliyo karibu nawe. Parokia yetu ilichomwa na rejista zake, na makaburi ya watu wetu ni kichaka. Lakini binti alikuwa ameshika kamba, hakutaka kuiachia. Tulipoenda Lilongwe kuuza sare za shule pale sokoni Biwi, alinilazimisha tupande kabaza mpaka maktaba moja ya mjini. Mwenye baiskeli mmoja alinibeba mimi, mwingine alimbeba yeye, na kote njiani nilikuwa nampigia kelele kwamba tutakosa basi. Mkutubi alikuwa mama muungwana. Alimsikiliza mpaka mwisho, akatuletea kitabu kuhusu machifu wa Wachewa. Kilikuwa kitabu kizuri, ila hakikutuhusu. Stéphanie alikifungua hata hivyo, akapitisha kidole kwenye majina, ukurasa baada ya ukurasa, kisha akamrudishia na kusema zikomo, asante ya Kichewa. Tulikosa basi.

Mwezi uliofuata aliitwa kupimwa afya, na sote tunajua kipimo hicho ndicho cha mwisho mwisho. Siku hiyo mchana nilikuwa uani kwao nikisubiri anipimie kola. Mama Véronique alikuwa anamkunjia nguo na huku anamkumbusha.

"Bakikuuliza mama yako, unasema alikufa njiani, mwezi ya kumi. Usiseme mwezi ingine."

Stéphanie akachukua kile kitabu alichokuwa ameazimwa na Télesphore, kutoka kwenye stuli, akakirusha uani. Kuku wakatawanyika.

"Mi minachoka na kaseti yako," akasema. "Kila siku ni ileile. Unaongea mama yangu kama maiti ya mutu uliyepita njiani. We haukumupenda. Njo maana hauna hata neno moja juu yake."

Maneno hayo hayasemwi kwa mama aliyekulea. Nilisimama nimwambie, lakini Mama Véronique alishasimama kabla yangu, na mgongo wake haukuwa ule wa intavyu.

"Mi njo sikumupenda? Mi njo nilimubeba tangu yeye mudogo. Alikuwa kichwa ngumu, kama wewe, mudomo kama wewe. Tulifika Baraka kwa maji ya ziwa, mashua iko inajaa, nikamuambia panda. Akakutupa kwa mikono yangu. Akasema anarudia mama yetu, mama haezi kutembea. Nikamuambia batakuua. Akanitukana mbele ya bantu bote, akasema mi ni mwoga tangu tumbo ya mama. Akaenda. Alikuwa anatembea mbio, hakugeuka." Akashusha pumzi. "Sikumuona akikufa. Mi sikumuona."

Stéphanie akauliza kwa sauti ndogo: "Sasa nani alisema alikufa?"

"Mi nilisema. Kule Tanzania. Nilisema sijui kama iko hai, na bantu ba kwa mustari bakaniambia, ukisema haujui batakunyanganya mutoto, batasema ni wa kuibwa, mama yake hakukupa ruhusa. Sema alikufa. Nikasema alikufa. Na baada ya kusema, ningefanya nini? Nirudi niseme amefufuka?"

Sijui kama waliomshauri walisema kweli au waliogopa tu, maana kwenye mstari kila mtu ni wakili. Ninachojua ni kwamba nilikasirika, na sikujua nimkasirikie nani. Hapa kambini, karibu na kisima ambapo Stéphanie alichota maji tangu ana miaka kumi na moja, kulikuwa na ofisi ya kutafuta ndugu waliopotezana vitani. Ilikuwa na ubao, na picha za watoto na wazee, na mtu wa kukusikiliza bila malipo. Alipita pale kila siku na ndoo yake, hakusimama hata mara moja, kwa sababu mtu hamtafuti marehemu. Na kile kitabu chenye kurasa mia tatu hakikuwa na hata mstari mmoja juu ya ofisi ya namna hiyo.

"Kesho ninaenda," Stéphanie akasema.

Mama Véronique akamshika mkono. "Ukienda pale useme iko hai, dosie yako itakufa. Dosie inasema marehemu. Batauliza nani kati yetu ni mwongo. Ngoja ufike Amerika kwanza, utamutafuta kutoka kule."

Kwa haki, yalikuwa maneno ya akili, na mimi mwenyewe niliyaunga mkono. Nilimwambia, binti, mtoto wako akasome, mama yako amesubiri miaka yote hii. Akatujibu sote wawili kwa neno moja.

"Afazali dosie ikufe."

Akaenda. Na kweli, miezi michache baadaye walioshika safari yake waliona historia mbili, wakaiweka dosie pembeni mpaka ieleweke. Jina lake halikuonekana kwenye orodha ya ndege. Kwenye kisima wanawake walimwita mjinga waziwazi, na mimi niligombana na wawili kati yao, ingawa moyoni nilikubaliana nao. Nyumbani, yeye na Mama Véronique walikula nsima, ugali wa huku, sahani moja bila kutazamana.

Jibu lilichukua zaidi ya mwaka. Lilikuja mwaka 2015. Karani wa ofisi ile alimwita Stéphanie, naye akatuita sisi, na karani akatusomea. Benedicte alikuwa amepatikana. Alikuwa Baraka, mzima, analima muhogo. Nilianza kupiga vigelegele, na karani akaninyooshea mkono ninyamaze, kwa kuwa hakuwa amemaliza.

Maneno ya Benedicte yalikuwa haya. Dada yake Véronique na mtoto wake Stéphanie walizama ziwani mwaka 1996, mashua yao ilipinduka, watu waliiona. Amewalilia wote wawili, amemaliza. Mtoto wa kike aliyemzaa baadaye alimpa jina la yule aliyezama, na huyo Stéphanie yuko naye nyumbani, anatwanga naye muhogo. Watu wanaotafuta wazazi wa kuweka kwenye makaratasi yao wamwache, na wasimrudishie jina hilo tena.

Stéphanie hakulia. Alisema tu, "Alinikataa kwa barua," akatoka nje.

Aliyebaki ameketi alikuwa Mama Véronique. Akamuuliza karani kama kule Baraka kuna simu. Karani akasema inaweza kupangwa. Ikapangwa. Tulikutana pale mbele ya ofisi, simu ikawekwa sauti ya wazi, ikaita, na mwanamke akaitika kwa ukali, tayari amechoka kusumbuliwa.

Nilimwona Mama Véronique ananyoosha mgongo, nikajisemea basi, anaanza, tulitoka Fizi mwezi wa kumi. Lakini hakusema hivyo.

"Benedicte," akasema, "kitenge yangu ya bluu ya komunio, ni we njo uliiba. Ukasema panya alikula. Mama akanipiga mi. Na mpaka unanitukana kwa maji siku ile, ulikuwa umeivaa."

Tulisikia majogoo ya huko, na mtu anatwanga. Kisha yule mwanamke akaanza kupiga kelele kwa Kibembe, lugha ya kwetu, matusi na kilio vikiwa vimechanganyika, na Mama Véronique akamjibu kwa sauti ya juu zaidi, na karani akatazama pembeni. Walitukanana mpaka wote wawili wakaishiwa pumzi. Hapo Stéphanie akainyakua simu. Miaka miwili alikuwa amejaza maswali kwenye daftari, ya chakula, ya kicheko, ya nyimbo. Hakuuliza hata moja.

"Jina yangu uligawa sababu gani?" akasema. "Mi sikukufa."

Mama yake hakupata nafasi ya kujibu. Huko Baraka nako simu ilinyakuliwa, na sauti ya msichana, changa na kali, ikaingia.

"We ni nani unasema jina yangu ni yako?"

Stéphanie akakaa chini, palepale kwenye vumbi, simu imebanwa sikioni kwa mikono miwili.

"Ni dada yako," akasema. "Na usiniongeleshe vile."