Nilivyorekodi Skrini Nikimsaka Bibi wa Mackinnon

Mnaonijua pale Ukunda kama fundi Warda, habari hii mtaipata kwa majirani hata nikinyamaza. Bora mnisikie mwenyewe nikijianika.

Nilirekodi skrini ya simu yangu ili nimnase shemeji. Nikajinasa mimi, mbele ya wakwe, kwenye TV ya inchi arobaini na tatu.

Twende polepole, maana aibu yenyewe ilikuja kwa zamu.

Mimi ni mzaliwa wa Msambweni, nina kibanda cha kushona nguo Ukunda. Mdogo wangu Nusra alikuwa anaolewa na Rashad, kijana wa Kinondo, dereva wa lori la Mombasa kwenda bara. Gauni la harusi nikasema nitalishona mimi, na atakayeligusa mwingine tutakosana.

Nikaliunguza.

Niliweka pasi kifuani mwa gauni, nikageuka kumjibu mtu mtandaoni aliyesema mafundi wa Ukunda hatujui kupima mabega. Nilipomaliza kumkomesha, nikasikia harufu. Alama ya pasi imetulia pale kifuani kama muhuri wa chifu.

Zilibaki siku kumi.

Nusra akiuliza gauni, namwambia lesi haijafika kutoka Mombasa. Aliuliza mara nne. Mara zote nne lesi ilikuwa njiani.

Siku ya Ijumaa nikamtuma msichana wangu wa kazi, Kavita, Mkamba wa Shimba Hills, alipeleke gauni kwa dobi mmoja anayesifiwa kwa kutoa madoa. Nikabaki peke yangu kibandani, roho mkononi.

Hapo ndipo Rashad akanipigia video.

"Asalaam alaykum, shemeji."

"Waalaykum salaam. Uko wapi?"

"Niko Mariakani, napakia. Nataka kumshtukiza Nusra na kitanda. Hebu nikuonyeshe picha za fundi, unichagulie."

Akanishirikisha skrini yake. Nikaona vitanda vitatu, nikachagua kile cha mninga. Mara nikasikia mtu anamwita kwa ukali, Rashad akasema, "Ngoja kidogo, shemeji." Simu hakuikata, na skrini hakuifunga.

Nikakaa kimya, natazama tu. Baada ya dakika mbili tatu, nadhani alishasahau kwamba niko pale, akafungua meseji zake.

Juu ya ile ya kwanza kulikuwa na jina: Bibi Mackinnon.

"Mume wangu, leo utapita?"

"Nitapita, mke wangu. Niwekee chakula."

"Huyo mtoto wa Msambweni umemwambia kwamba wewe una mwenyewe?"

"Nitamwambia, usinune. Ile leso yako nimeinunua."

Ndugu zangu, vidole vilikimbia kuliko akili. Nikavuta menyu ya juu, nikabonyeza kile kidude chekundu cha kurekodi skrini. Rashad akapandisha meseji, akashusha, akacheka peke yake, na mimi nanasa kila kitu. Nikapata dakika nne nzima.

Kavita aliporudi nilimrukia kabla hajaweka begi chini. Tukaitazama ile video mara tatu, vichwa vimegusana juu ya kisimu changu. Kioo chake kimepasuka sehemu ya juu, lakini meseji zilionekana vizuri.

"Dada, hii ni ngori, ni balaa," Kavita akasema. "Jamaa ana bibi Mackinnon Road, hapo njia ya malori!"

"Bibi?"

"Si imeandikwa hapo? Bibi. Na anamwita mume wangu. Unataka akuletee cheti ndio uamini?"

Sasa nichekeni. Kwetu bibi ni mama wa mama yako au wa baba yako. Wa bara ndio humwita mke bibi. Na isitoshe, babu yangu mwenyewe tangu nizaliwe ananiita mke wake, bibi ananinunia kwa mzaha, na mimi nadai zawadi. Utani huo nimekulia ndani yake. Lakini siku ile mimi, Mdigo wa Msambweni, nikafasiriwa Kiswahili na msichana wa Shimba Hills, na nikakubali.

Kwa nini nilikubali haraka hivyo? Tutafika.

Kavita akanikumbusha, "Na ile gauni, dada? Meseji yangu uliiona?"

"Achana na gauni!" nikamwambia. "Hapa hata harusi haipo."

Jumapili alasiri akina mama wa upande wa Rashad walikuja Msambweni, nyumbani kwa khalati Twaiba, ndugu ya mama yetu, kupanga shughuli. Mimi nilifika mapema kuunganisha simu na TV. Nilitaka ushahidi wangu uonekane vizuri, asije mtu akasema hakuona.

Mama yake Rashad akaingia, na nyuma yake bibi mmoja mfupi, mchangamfu, mkoba kwapani.

"Shikamoo, bibi," nikamwambia.

"Marahaba, mjukuu wangu. Hujambo?"

"Sijambo, bibi."

Neno lilitoka mdomoni mwangu mara mbili. Kichwani halikubisha hodi.

Chai ikaletwa na mahamri. Khalati Twaiba akaanza kuuliza pilau ni ya watu wangapi. Nikasimama.

"Kabla ya pilau," nikasema, "kuna jambo. Mimi sipendi fitina, lakini mdogo wangu hataolewa gizani."

Nikabonyeza.

Meseji zikajaa ukutani, kubwa kubwa. Mama yake Rashad akashika kidevu. Nusra akasoma "mke wangu", akasoma "umemwambia kwamba wewe una mwenyewe", kikombe akakiweka chini.

"Dada, hii umeitoa wapi?"

"Allah ndiye aliyenionyesha," nikajibu. Nasikia haya mpaka leo nikikumbuka.

Ndipo yule bibi mfupi akaanza kucheka. Alicheka mpaka akafuta machozi kwa ncha ya leso, kisha akafungua mkoba, akatoa simu, akainyanyua juu tuone meseji zile zile.

"Huyo bibi wa Mackinnon ni mimi," akasema. "Mwanamkuu. Nina hoteli yangu pale Mackinnon Road, madereva wanakula kwangu. Na huyo mjukuu wangu ni mume wangu tangu ana siku saba, nimempakata mimi. Kama kuna anayemtaka, atanijia na adabu."

Chumba kizima kikaangua kicheko. Nusra naye akacheka, huku pumzi zikimrudi. Nikajilazimisha kucheka nao, nikajiambia, haya, yameisha.

"Lakini ngoja, mjukuu wangu," bibi Mwanamkuu akasema. "Rudisha nyuma kidogo. Hapo juu pamepita maandishi."

"Wapi, bibi?"

"Hapo juu kabisa."

Nikarudisha nyuma, nikaisimamisha picha. Kwenye simu yangu, juu kabisa ndipo kioo kilipopasuka. Lakini TV haina ufa.

Khalati Twaiba, mwalimu mstaafu, akasimama karibu na TV na kusoma kwa sauti ya darasani: "Kavita Kibandani. Dada, dobi amesema hiyo alama ya pasi kwa gauni ya Nusra haitoki. Tutamwambia nini, ama tuendelee na ile story ya lesi?"

Hakuna aliyecheka.

Nikavuta menyu ili nikate TV, nikabonyeza kitu chekundu. Picha haikukatika. Khalati Twaiba akachomoa waya ukutani. Mimi nikaitupa simu juu ya meza, nikakimbilia jikoni, nikaanza kuosha vikombe visafi. Nilipochoka kuviosha nikatokea mlango wa nyuma. Simu nilirudishiwa kwa bodaboda.

Asubuhi iliyofuata nikaifungua kibandani ili nifute ile video ya laana. Nikakuta ziko mbili.

Kile kitu chekundu nilichobonyeza nikitoroka kilikuwa kile kile cha kurekodi. Na kioo changu nimekiweka kisizimike, kwa sababu vipimo vya wateja navisoma humo nikikata kitambaa. Simu ilikuwa imelala mezani dakika ishirini na mbili, picha haibadiliki, sauti zote zinaingia.

Nikajua nitasikia nikisengenywa. Nikasema haya, ninastahili, nikaongeza sauti.

"Unalia gauni, mjukuu wangu?" Ilikuwa sauti ya bibi Mwanamkuu.

"Silii gauni, bibi." Nusra. "Gauni nililiona tangu Jumanne. Nilipita kibandani dada hayupo, nikaliona limetundikwa nyuma ya pazia."

"Na hukumwambia?"

"Nilikuwa nangoja aniambie mwenyewe. Kila nilipomuuliza lesi, nilikuwa nampa nafasi."

"Ungengoja mpaka lini?"

Kijiko kikagonga kikombe.

"Mpaka asubuhi ya harusi. Asingesema, ningelivaa hivyo hivyo."

Kavita akasimamisha cherehani. Mimi nililia juu ya kitambaa cha mteja, na mteja huyo kama anasoma hapa, anisamehe. Lile doa si maji.

Nikafunga kibanda, nikaenda Msambweni. Nusra alikuwa uani anaanika nguo.

"Nusra, gauni lako nililiunguza mimi. Lesi haikuwa njiani. Na nilipoziona zile meseji za Rashad, roho yangu ilifurahi, kwa sababu harusi ikivunjika hakuna atakayeuliza gauni. Ndiyo maana niliamini haraka. Nisamehe, mdogo wangu."

Hakunitazama. Akaanika shuka, akainyoosha pembe zote.

"Simu yako iko wapi?"

"Nimeiacha kibandani."

"Basi rudia. Jana nilisomewa na khalati. Nataka nikusikie wewe."

Nikarudia, neno kwa neno. Mara ya pili ilikuwa ngumu zaidi. Nilipomaliza, akanipa ncha moja ya shuka nyingine nimsaidie kuikamua.

Kesho yake bibi Mwanamkuu akatuma kifurushi kwa lori la Rashad. Ndani kulikuwa na ile leso yake aliyonunuliwa, nyeupe yenye maua mekundu, na kikaratasi: "Mume nimempa. Na hii aivae kifuani." Nikaikata, nikaishona juu ya alama ya pasi. Siku ya harusi watu waliniuliza huo mtindo nimeutoa wapi. Kila aliyeuliza nilimwambia ukweli, mpaka Nusra akanifinya ninyamaze.

Rashad bado hunipigia video. Siku hizi, hata kabla ya salamu, huniuliza, "Shemeji, unarekodi?"

Funzo langu ni hili: unaponasa siri za mtu kwenye skrini, kumbuka na zako zinapita hapo juu. Na kuna mtu wako, pengine sasa hivi, ameshajua ulichokificha. Anakuuliza habari za lesi, anangoja umwambie.