Nilioka mayai na jibini kwa ajili ya watu wengi hapa Nachingwea, nikala peke yangu

Wakuu, wakubwa shikamooni, wa rika langu poleni na mihangaiko.

Ninachokileta hapa kimenitokea mimi, ndani ya nyumba yangu mwenyewe, hapa Nachingwea. Sijasimuliwa na mtu. Majina nimebadilisha maana mji wetu ni mdogo, lakini mambo yalikwenda hivi hivi nitakavyoyaeleza.

Kwanza mjue anayeongea ni nani.

Mimi ni mtoto wa hapa. Baba alikuwa na mikorosho yake michache, mama alikuwa akipika uji wa wagonjwa misheni. Nilitoka hapa na begi moja, nikaosha vyombo kwenye hoteli Dar, nikajisomesha kwa mshahara wa kuosha vyombo mpaka nikapata diploma ya hotel management, upande wa food production. Nikapika Arusha, nikapika Uarabuni. Nimepikia watu ambao nyie mnawaona kwenye taarifa ya habari.

Hakuna mjomba aliyenishika mkono. Hakuna.

Wapo watakaosema huyu anajisifu. Ndiyo, najisifu. Nani atanisifu kama sijisifu?

Mwaka jana nikarudi moja kwa moja. Nimejenga nyumba yenye tiles, geti la chuma, friji ya milango miwili, na oveni ya gesi ambayo nina hakika wilaya nzima hamna ya kufanana nayo. Meza yangu ya chakula ni mninga mtupu, fundi aliichonga kwa mchoro wangu.

Ila wakuu, kuna jambo mtu hakuambii wakati unajenga. Nyumba ikishaisha, inabaki na sauti yake yenyewe. Friji inaunguruma, inanyamaza. Bati linalia jua likipanda. Ndoa yangu iliishia huko huko mbali, hiyo ni mada nyingine. Asubuhi nakaanga mayai mawili, nakula nimesimama jikoni, naosha sahani moja. Meza ya mninga naifuta vumbi tu.

Na getini hagongi mtu. Majirani tunasalimiana vizuri, "za asubuhi", "nzuri", basi. Nilidhani ni heshima.

Sasa, nina dada yangu mkubwa, tumwite Fausta. Yuko Ruangwa, ana shamba la mbaazi Matambarale. Wazazi walishatangulia, tumebaki wawili. Tangu nimehamia nyumba hii hakuwa amekanyaga hata mara moja. Kila nikimpigia, mara mbaazi, mara jumuiya, mara mguu. Nilikuwa namtaka akae kwenye ile meza. Hilo tu. Aone mdogo wake amefika wapi.

Ndipo likanijia wazo la brunch.

Kwa wasiojua, brunch ni mlo unaoliwa kati ya chai ya asubuhi na chakula cha mchana. Hotelini Jumapili ndiyo ilikuwa siku yangu. Watu wanatoka kanisani, wanakaa, wanakula taratibu, wanaongea. Nikasema nitaileta Nachingwea. Jumapili, baada ya misa ya kwanza.

Nikatuma mwaliko WhatsApp kwa majirani na watu niliosoma nao. Nikaandika vizuri: msije na chochote, msisaidie chochote, mje mkae tu, mimi ndiye mpishi.

Jirani yangu Mama Saidi hana WhatsApp, nikamwambia juu ya ukuta wa uani.

Akaniuliza, "Sasa baba, hiyo nije na njaa ya asubuhi au njaa ya mchana?"

"Zote mbili, mama."

Akacheka. "Haya. Jumamosi nije na sufuria kubwa?"

"Sufuria ninazo, mama."

"Basi nije nichambue mchele."

"Hakuna mchele. Mama, wewe njoo ukae tu. Jikoni kwangu haingii mtu."

Nilisema kwa wema kabisa. Hotelini mgeni haingii jikoni. Ni heshima kwake.

Akasema, "Haya baba," akarudi kwenye kisamvu chake.

Fausta nikampigia simu. Akakubali! Halafu akasema, "Nitakuja Jumamosi, nikusaidie."

Nikamwambia, "Hapana dada, usihangaike. Njoo Jumapili, kila kitu kiko tayari, uje kama mgeni."

Akauliza, "Kama mgeni?"

"Kama mgeni wa heshima."

"Sawa, Deo."

Nikaona nimemaliza.

Ngoja niwaeleze chakula chenyewe, maana hapa ndipo diploma inapofanya kazi.

Ni mayai na jibini, vya kuoka, juu ya mkate. Siri ya kwanza ni mkate usiwe wa leo. Uwe umekauka, unaukata vipande, unaupanga kwenye trei uliyoipaka siagi. Mchicha unaukaanga na kitunguu, halafu unaukamua maji yote, usipoukamua unapata uji. Nyanya unazitoa mbegu. Mayai nilitumia ya kienyeji, kiini chake ni cha njano haswa, na kila yai unalipasulia kwenye kikombe kwanza ndipo ulimwage na wenzake, maana yai moja viza linaharibu trei nzima. Unayapiga na maziwa, chumvi, pilipili manga. Jibini unalikwangua mwishoni, nusu ndani, nusu juu. Unamwagia mkate, unafunika, unaacha vilale pamoja kwenye friji. Asubuhi mkate umeshakunywa mayai yote.

Jibini la hivyo hapa halipo. Nililetewa na mtu wa Dar kwa basi, ndani ya boksi la barafu, na nililifuata mwenyewe mpaka Nanganga njia panda ili lisikae juani. Kilomita zote hizo kwa ajili ya jibini.

Jumapili sikwenda misa. Mungu anisamehe, nilikuwa naoka.

Wakuu, ile kitu ilipanda! Ilivimba juu ya ukingo wa trei, rangi ya dhahabu, jibini linachemka pembeni. Harufu ilijaa mpaka varandani. Nimeoka miaka mingi, sijawahi kutoa nzuri kama ile. Nikapanga sahani, vitambaa, glasi za juisi ya ukwaju. Kiti cha Fausta nikakiweka kichwani mwa meza, kinachotazama dirisha.

Nikasikia kengele. Misa imeisha. Nikafungua geti dogo.

Watu wakapita. Namsikia mtu anacheka barabarani, nasimama, sauti inapita.

Chakula hiki kina tabia moja. Kikitoka kwenye oveni kimevimba, halafu kikipoa kinashuka chenyewe. Huwezi kukizuia. Nilikaa nikikitazama kinashuka, polepole, mpaka kikawa chini ya ukingo, juu kimeingia mikunjo.

Nikampigia Fausta. Simu inaita tu.

Baadaye sana rafiki yangu tangu utoto, Ponsi, akasimamisha pikipiki getini. Hakuingia. Alichungulia.

"Deo! Kumbe jambo lilikuwepo kweli?"

"Si nilikutumia ujumbe?"

"Niliuona kaka, nikaweka dole gumba. Lakini nimepita jana jioni hapa kimya. Nimepita leo hatujaona moshi. Hamna mtu anaingia na ungo, hamna anayetwanga. Tukasema mwamba kaahirisha."

"Ninapikia gesi, Ponsi. Moshi utoke wapi?"

"Ndiyo hivyo sasa. Mimi nimeshakula ugali, kaka. Nimeshiba kabisa."

Akaondoka. Nikakaa kwenye ile meza kwa mara ya kwanza tangu ichongwe. Nikakata kipande kimoja, nikala. Kilikuwa kizuri. Hilo ndilo lililoniumiza zaidi. Kingekuwa kibaya ningekuwa na cha kulaumu.

Mchana nikamkuta Mama Saidi uani kwake. Nikamuuliza bila kuzunguka, mama mbona hukuja.

Akanitazama kama mimi ndiye niliyemkosea.

"Nilisema nikuletee sufuria, ukasema unazo. Nikasema nichambue mchele, ukasema hakuna. Nikauliza mtaani nani kaazimwa kitu. Hakuna aliyeazimwa hata kijiko. Nikasema basi, yule hana shughuli. Ana chakula chake."

Nikafunga nusu ya trei kwa kitambaa, nikawasha gari, nikaenda Ruangwa.

Fausta alikuwa nje anapepeta mbaazi. Aliniona, hakusimama. Nikamsalimu, akaitikia. Nikaweka trei kwenye mkeka, akafunua, akamega kwa mkono, akala. Akamega tena.

"Tamu," akasema. "Chumvi imekaa."

"Mbona hukuja, dada?"

"Ulisema nije kama mgeni." Akarusha ungo, makapi yakaruka. "Mgeni akipata udhuru hafuatiliwi."

"Dada, nilitaka upumzike."

"Mimi nimekubeba mgongoni, Deo. Kwenye jiko lako ndiyo nipigwe marufuku?"

Nikainama, nikaanza kuokota punje zilizoangukia nje ya mkeka.

Akaelekeza kwa kidevu ndani ya jiko lake. Ukutani imeegemezwa sufuria ya mama, ile nyeusi kubwa yenye mkono uliofungwa waya, tuliyolia uji sisi sote.

"Mtu wa kwetu akiwa na jambo, huja kuiazima ile," akasema. "Akishaifuata, ndiyo nimeitwa. Kuolewa kwa binti wa mjomba iliazimwa. Msiba wa baba iliazimwa. Wewe umejenga nyumba, umehamia, mpaka leo hujaiulizia."

Nilirudi Nachingwea jioni ile na trei tupu, maana aliila yote na watoto wa jirani. Nyumba ilikuwa vile vile. Friji inaunguruma, inanyamaza. Nikaosha sahani zote zile ambazo hakuna aliyezitumia. Sijui kwa nini niliziosha.

Sasa hili ndilo nililojifunza, na nawaandikia vijana wote mnaohangaika mbali mkipanga kurudi.

Nilijivunia kwamba tangu nimehamia hapa sijawahi kugonga mlango wa mtu kuomba chumvi. Nilikuwa nasema kabisa kwa sauti. Mimi sina shida na mtu. Kumbe watu wamenisikia na wakaniamini. Asiye na shida na mtu, mtu naye anamwacha. Huku kwetu kuazima ndiko kunakofungua njia kati ya nyumba na nyumba. Anayekuja kuchukua atakuja kurudisha, na akirudisha chombo hakirudi kitupu, kwa hiyo na wewe utapeleka tena. Mimi nilijenga kila kitu isipokuwa hiyo njia.

Diploma haikunifundisha hilo. Siilaumu, imenilisha.

Juzi nikampigia Fausta. Nikamwambia, "Dada, Jumapili naoka tena. Sina sufuria ya kuchemshia chai ya watu. Naomba uniazime ile ya mama."

"Wewe na friji yako yote hiyo huna sufuria?"

"Sina, dada."

"Sufuria ya mama siipakii kwenye basi kama gunia."

"Nije niifuate?"

"Naileta mwenyewe. Jumamosi. Na nitalala hapo. Na usiniambie mambo ya jikoni."

Baada ya hapo nikaenda kwa Mama Saidi kuazima mbuzi ya kukunia nazi. Akaniuliza nani anakuja. Nikamwambia dada yangu. Akauliza kama kuna vitunguu vya kumenya. Nikasema vipo vingi, mama, mimi siviwezi vyote. Akasema, "Hapo sasa umesema." Mtaani nasikia habari imeshafika mpaka sokoni.

Leo ni Ijumaa. Wakuu, sufuria ninazo, seti nzima, nilikuja nazo kutoka Uarabuni. Zote nimezificha chumbani kabatini, chini ya suti, Fausta asije akaziona. Uani nimepanga mafiga matatu na kuni.

Karibuni kwa maoni, na matusi pia nitayapokea. Ila mnijibu hili kwanza: huko kwenu, ni kitu gani mnaazima hata kama mnacho ndani?