Mbuzi Tisa na Daktari wa Melbourne

Niliondoka Nairobi kwa sababu ya mgongo wa kaka yangu. Mgongo huo hauwezi kuketi saa tano mfululizo, na mazungumzo ya mahari hayaishi kabla ya saa tano. Basi akatafutwa mtu wa kukalia kiti chake huko Sydney, ambako binti yake Nyambura, muuguzi, alikuwa amechumbiwa na kijana Mkongomani aitwaye Bahati. Sikuchaguliwa kwa hekima. Nauza viatu vya mitumba katika soko la Gikomba, na huu ni mwaka wa ishirini nikishindana na wateja.

"Lete mbuzi kumi na tano," kaka aliniagiza, "na usiharibu uchumba wa mtoto."

Mambo mawili. Niliyahesabu tena ndani ya teksi, yakabaki mawili. La kwanza nilidhani nitaliweza.

Ijumaa asubuhi, baada ya ndege mbili na milo minne, nilifika Sydney. Afisa wa forodha akaichukua pakiti yangu ya njugu. Nikapendekeza tugawane. Hakucheka.

"Anko, umejaribu kubagein na watu wa airport?" Nyambura aliniuliza nje, akinikumbatia.

"Nilifungua mazungumzo tu."

Alinipeleka kwake Guildford, mtaa wa nyumba fupi ambapo kila lango lina mapipa matatu ya taka, kila moja na kifuniko cha rangi yake. Nilikula, nikaoga, kisha akaniambia baba yake Bahati angependa kuniona kabla ya mazungumzo ya kesho. Nikafurahi. Mfanyabiashara hupenda kumwona mteja kabla mteja hajaona mali.

Alasiri, Bankstown. Nyuma ya kanisa moja kulikuwa na ukumbi mdogo, viti kumi na vinne, na watu waliotoka shifti: wauguzi, walezi wa wazee, vijana wa maghala wakiwa bado na fulana zao zinazong'aa. Mbele alisimama mzee mwembamba, buti za kazi miguuni na daftari mkononi. Huyu ndiye Mwalimu Byamungu, baba yake Bahati. Kwao Bukavu alifundisha falsafa. Hapa hupakia masanduku katika ghala moja Villawood, na kila Ijumaa huwasomesha wenzake wanafalsafa wa Kijerumani, kwa Kiswahili.

"Karibu, Papa," aliniambia; ndivyo kwao wanavyomwita mtu mzima. "Keti. Leo tunamaliza ile mambo ya uongo."

Nilidhani nitasinzia. Badala yake nilikaa ukingoni mwa kiti. Alieleza habari za Mjerumani mmoja wa kale ambaye takriban hakuwahi kutoka mji wake, lakini akaketi akawaza sheria inayoweza kumfaa kila mtu, popote. Huyo alisema kitu kina bei, na chenye bei kinaweza kubadilishwa na kingine. Lakini mtu hana bei, usimtumie kama ngazi tu ya kupandia. Na uongo alikataa kabisa, hata muuaji akisimama mlangoni akimuulizia rafiki yako uliyemficha.

Ukumbi ukawaka. Mama mmoja mnene wa mstari wa mbele, Mama Furaha, akasimama.

"Papa, ule Mujerumani hakuona vita! Mimi nilidanganya waaskari mara tatu, na watoto wangu watatu wako hai. Anieleze mimi!"

Watu wakapiga makofi. Mwalimu naye akapiga.

"Mama Furaha, ndiyo sababu tunamusoma. Kama angekuwa amemaliza yote, sisi tungekuja hapa kufanya nini?"

Nimeona wahubiri wakibishiwa, na nimeona polisi. Sijawahi kuona mtu akibishiwa akafurahi namna ile, kama aliyeletewa zawadi. Na wale waliobisha walikuwa wamesimama tangu alfajiri, wakiinua masanduku na wagonjwa. Walikuja kufikiri bila kulipwa. Nilihesabu vichwa mara mbili: kumi na vinne, na hakuna hata kimoja kilichosinzia.

Jumamosi, saa nane mchana, sebuleni kwa Nyambura. Upande wetu tulikuwa mimi na wazee wawili wa Kikenya niliowaazima kanisani kwake. Upande wao: Mwalimu, Bahati, na Mama Furaha aliyekuja kama shangazi. Pilau lilikuwa mezani. Nikaanza na mbuzi ishirini, kama inavyopasa. Mwalimu akasema sita. Nikashika kifua. Akasema sita na nusu.

Hapo nikatoa silaha yangu. Kwetu kila mtu anaijua. Mtoto wa miaka saba anaijua. Nikashusha sauti:

"Wakwe zetu, sitaki kuwaficha. Kuna daktari mmoja wa Melbourne alibisha hodi kabla yenu. Tumemwambia asubiri."

Gikomba, au Kiambu, upande wa pili hucheka hapo. Husema daktari huyo ajitibu kwanza, kisha huongeza mbuzi wawili. Neno lenyewe ni ngoma tu, halina mtu ndani.

Mwalimu hakucheka. Alifunga daftari lake, akasimama.

"Bon. Kama iko mutu mbele yetu, si haki sisi kukaa hapa. Bahati, simama, tuende."

Bahati hakusimama. Alikuwa anamtazama Nyambura, aliyetoka jikoni na jagi la sharubati. "Daktari gani?" alimuuliza polepole.

"Sijui anaongea nini," Nyambura akasema. "Anko? Anko, ni nani?"

Wazee wangu wa kuazima wakagundua jambo muhimu kwenye zulia.

"Mwalimu, ni maneno tu," nikasema. "Ni namna yetu ya kuongea."

"Papa, sikia." Alikuwa amesimama mlangoni, mkono kwenye kitasa, na hakuwa na hasira. "Kambini tulikaa miaka tisa. Kila afisa alituuliza: baba yako nani, ulikimbia siku gani, nani alikufa. Tukajibu. Wakaandika kwamba labda tunadanganya. Mwaka ufuatao wakauliza tena. Siku ile nilipewa nyumba hapa, niliapa: mutu akinipa neno lake, nitalipokea zima, sitaligeuza kutafuta uongo chini yake. Sasa wewe umenipa neno lako. Nilifanyie nini?"

Katika miaka ishirini sijawahi kusema sentensi niliyoisema pale. Kwa mpatanaji, ni kama kuvua shati sokoni.

"Hakuna daktari. Nimemtunga. Melbourne yenyewe sijafika. Nyambura hajui chochote, na kosa ni langu peke yangu."

Mama Furaha akaguna: "Angalau angemutunga injinia." Nyambura akacheka huku machozi yakimtoka, akaweka jagi mezani, akaketi karibu na Bahati, jambo lisiloruhusiwa katika mahari. Hakuna aliyemkemea.

Mwalimu akarudi kitini, akafungua daftari, akalamba kidole. "Haya. Tulikuwa sita na nusu."

"Bado tunapatana?" nikauliza.

"Papa, mbuzi iko na bei. Ule mutoto ndiye hana. Tuongee mbuzi."

Na akaongea! Alinikaba kwa saa tatu bila uongo hata mmoja. Nilishuka hadi kumi na tano; akaniuliza kwa nini kumi na tano, nikataja kumi na mbili. Aliuliza vijana wataanza maisha na nini, nikataja kumi. Tulifunga kwa tisa. Nilihesabu tena nikitumaini. Tisa.

Jumatatu asubuhi alinisindikiza kituoni Guildford. Nikamuuliza kufikiri kote kule kunawaletea nini watu wa ghala. Akaniambia habari za mwanamke wa Kijerumani aliyeikimbia nchi yake, aliyeona kwamba kufikiri ni maongezi ya wawili ndani ya mtu mmoja. Alisema anayeogopa kurudi nyumbani kukutana na yule wa pili hufanya lolote analoamriwa.

"Basi mimi nafikiri sana," nikamwambia. "Nahesabu kila kitu mara mbili."

"Vizuri. Ile mara ya pili, ni nani anahesabu?"

Treni ikaja, nikaondoka na swali lake hadi ndani ya ndege zote mbili.

Nairobi, kaka yangu alisikiliza hesabu akiwa amelala chali. "Tisa," akasema. "Na la pili?"

"La pili halikuharibika. Lilitaka kuharibika, kwa mkono wangu."

Juzi mteja aliinua kiatu kwenye meza yangu. "Mzee, hii ni ngozi kweli?" Jibu langu la miaka ishirini lilikuwa tayari ulimini. Kisha yule wa pili akakohoa.

"Mbele ni ngozi," nikasema. "Nyuma sina hakika."

Akakigeuza kiatu, akakirudisha mezani. Akaenda zake. Baadaye alirudi, akaniuliza kuhusu viatu vingine vyote.