Korongo na Asubuhi ya Umuganda

Tulichagua Jumamosi ya mwisho wa mwezi kwa sababu asubuhi hiyo magari hayapiti. Kila mtu yuko kwenye umuganda, kazi ya pamoja ya mtaa. Nilitaka sauti safi ya maji na mafunjo, na korongo wa taji akiangua mayai yake katika bonde lililo chini ya kilima cha Ndera. Ilikuwa filamu ya kwanza niliyokabidhiwa kamera kuu, na yai moja lilikuwa limeanza kupasuka.

Hatukuuliza umuganda wa mwezi huo ungefanyikia wapi.

Tukawaona wanashuka mteremko na mapanga na majembe. Walikuja kuzibua mtaro na kufyeka mafunjo.

"Haya, mwenye kamera," alininong'oneza dada anayerekodi sauti, aliyekulia Tanzania. "Nenda ukaongee nao."

"Nenda wewe."

"Mimi nina mdomo, watanifukuza. Wewe una sura ya kanisani."

Mimi huona haya hata kuagiza chai. Ndiyo maana naipenda kazi hii: ndege hakuulizi kitu. Lakini korongo yule angeruka kwa hofu, mayai yangepoa na kifaranga kingekufa. Nikashuka.

Kiongozi wa mtaa, mzee mwenye kofia ya majani, alinitazama. "Kijana, wenzako iko wanafanya kazi, wewe iko unapiga picha?"

Watu wakacheka. Maneno niliyoyapanga yakanipotea. Nikasema tu, "Mzee, naomba panga. Na unipe kipande kile karibu na mti uliokauka. Nitakimaliza peke yangu."

"Peke yako? Kumbe iko na nguvu!"

Nikafyeka polepole kutoka pembeni, nikiyaacha mafunjo yaliyozunguka kiota. Wengine walimaliza, mimi bado. Mzee akaja kukagua.

"Na hapa?"

Nikaweka panga chini. Nikamshika mkono, nikampandisha hadi kwenye kamera, akaweka jicho. Akavua kofia, akachungulia tena. Kisha akageuka, akapaza sauti bonde zima, akimtaja korongo kwa jina la kienyeji:

"Nyamazeni! Musambi iko na mtoto!"

Korongo aliinua shingo, akatusikiliza, akatulia. Watu wakakaa kwenye nyasi, na mkutano wa baada ya kazi ukafanywa kwa minong'ono. Mimi nilirekodi kwa mikono yenye tope, kifaranga kikitoka kwenye ganda kimelowa, kikianguka, kikisimama tena.

Wakati wa kuhariri, dada alitaka kuifuta ile sauti ya mzee. Nikamwomba aiache.

Juzi tuliionyesha filamu kwenye ukuta wa ofisi ya mtaa. Ilipofika kwenye sauti ile, mzee aliruka kutoka kwenye benchi. "Huyo ni mimi! Mnasikia? Ni mimi!"

"Nyamaza, mzee," wakamjibu wote pamoja. "Musambi iko na mtoto."

Nilikuwa nimesimama nyuma kabisa, gizani, nikicheka kuliko wote.