Sale la Mpakani

Kwa miaka mingi Jumamosi zangu zilikuwa na mwenyewe. Mchana nikishamaliza kufua nilishuka kutoka Sekei hadi kwa mwalimu mmoja mstaafu, jirani na soko la zamani, tukakaa kusoma kitabu kimoja. Ndiyo, kimoja tu, miaka yote hiyo. Aliyekiandika ni mwanafalsafa wa Kijerumani wa karne iliyopita, mtu anayeandika kana kwamba anawakomoa wasomaji wake. Swali lake halikuwa jembe ni nini, wala mlima ni nini, bali kule kuwapo kwa vitu ndiko nini hasa. Mama yangu aliponiuliza ninafundisha nini chuoni nikamweleza hivyo, aliweka chini ndizi aliyokuwa anaimenya, akacheka mpaka akajifuta machozi. "Na wazazi wa hao watoto wanajua?" akauliza.

Mwalimu alikuwa wa ukoo wa Tanga, ingawa yeye mwenyewe alizaliwa hapa Arusha. Kijerumani alikipata ujanani, alipopelekwa kusoma nje, na mimi nilikipata kwake, pamoja na kahawa chungu na kashata za mkewe. Mimi Mlutheri wa Akheri, kijijini chini ya Mlima Meru, yeye Mwislamu wa mjini, na hakuna siku dini ilitugombanisha. Kilichotugombanisha kila wiki ni yule Mjerumani.

Wasomi wake wamegawanyika, na sisi tuligawanyika nao. Wako wanaosema kuwapo ni ile maana tu ambayo vitu vinakuwa nayo kwetu sisi watu. Jembe ni jembe kwa kuwa yuko mkulima, kuna shamba na kuna njaa. Waondoe watu, hakuna cha kuzungumza. Mwalimu alikuwa upande huo. Mimi nilikuwa na wale wengine, wanaosema kuwapo hakungoji ruhusa yetu, kunajitokeza kwenyewe, na sisi kazi yetu ni kupokea. "Meru ukifunikwa na mawingu bado upo," nilikuwa namwambia. Naye hakuchoka kunijibu, "Upo kwa nani, binti yangu?" Tungeweza kumaliza birika zima hapo hapo.

Mwaka ule baba alipofariki, niliandika makala. Baba alikuwa mwinjilisti, na asubuhi ya msiba wake nilitoka nje nikakuta mlima umefunguka wote, mweupe juu, siku ambayo nisingejali kama ungeanguka. Nilianzia hapo. Ukurasa wa kwanza ulikuwa wa asubuhi ile. Kurasa zilizofuata zilikuwa za hoja, na nyingi zilimjibu mwalimu kwa heshima zote. Nilimpelekea nakala mapema, kisha nikamwalika chuoni siku ya kuijadili, aseme neno la kwanza.

Alisimama mbele ya wenzangu na wanafunzi wangu, akaegemea meza. "Hii si makala," alisema, "ni mahubiri ya msibani. Binti yangu hapa hamsomi mwanafalsafa, anamlilia baba yake." Watu wakacheka. Kuhusu hoja zangu hakusema lolote, si kuzipinga wala kuzisifu, utadhani hazikuwamo. Akakaa.

Mimi hasira zangu ziko karibu, kila anayenijua anajua. Lakini siku ile sikujibu neno, na hilo ndilo lililonitisha mwenyewe. Jumamosi iliyofuata sikushuka sokoni. Nikaanza kwenda Akheri kumsaidia mama kwenye kahawa, masika ikaja ikapita. Mwalimu alipiga simu, sikupokea. Nilimkumbuka sana, na nilichukia kumkumbuka.

Sasa, kwa wasio wa mlimani inabidi nieleze. Sale ni mmea wa majani marefu ya kijani, na kwetu una kazi mbili. Ukipandwa kwa mstari ni mpaka wa shamba, na anayeung'oa amejitafutia ugomvi na ukoo mzima. Lakini jani lake likiletwa mkononi ni ombi la msamaha, na anayeletewa hakatai, hata kama moyo bado unachemka. Mimi mwenyewe nilimsimulia mwalimu habari hiyo zamani, katika mabishano yetu. Aliifurahia mno. "Unaona?" alisema. "Jani ni jani tu. Msamaha mmeutia ninyi."

Basi Jumamosi moja, mimi na mama tukiwa uani tunachambua kahawa, bodaboda ikasimama barabarani kwenye kona ya shamba letu. Baada ya kitambo nikamwona mwalimu anakuja kwa mguu kati ya migomba, kofia yake imekaa upande, kanzu imechafuka magotini. Mikononi amekumbatia sale, si jani, bali mche mzima, na mizizi inadondosha udongo.

"Hodi mama," alimwambia mama yangu. Kisha akaninyooshea ule mche. "Jani moja niliona ni dogo kwa kosa langu."

Niliupokea. Sikufikiri; mikono ilinyooka yenyewe, kama inavyofanya mtu akikuletea sale.

Mama alikuwa ameshainuka. "Umelitoa wapi?"

"Hapo chini, kwenye kona."

"Yesu wangu! Umeng'oa mpaka!"

Mpaka wenyewe ulikuwa ndiyo kwanza umetulia. Mama na baba mdogo walikuwa wamegombania ile kona tangu kabla ya msiba, na masale yale machanga yalipandwa mbele ya wazee wa pande zote mbili, wakaomba na kula pamoja. Mwalimu alipoelezwa, rangi ilimtoka. Ikabidi aitwe baba mdogo kabla hajajionea mwenyewe. Alikuja amekunja uso, akatutazama mmoja mmoja: mimi na udongo kifuani, mama mikono kichwani, na mzee wa mjini mwenye magoti ya udongo. Akaanza kucheka. "Mtu wa pwani," alisema, "amekuja kuzima moto na petroli." Tukashuka wote kwenda kulirudisha, pande zote zikiwapo, inavyotakiwa.

Pale kwenye kona ndipo hasira yangu ilipopata mdomo. Masale yalikuwa yamejipanga wazi kabisa, mstari ulionyooka mpaka mtoni, na katikati shimo. "Mwalimu," nilisema, "nilikwambia habari ya mipaka mara ngapi? Hukuuona mstari wote huu?"

"Sikuuona," alisema.

"Mtu gani asiyeona—"

"Mimi, binti yangu. Nililiona hilo moja." Alikunja ngumi, akaacha tundu dogo katikati, akaiweka jichoni. "Ni presha ya macho. Naona kwa namna hii. Uso wako nauona, mabega siyaoni. Nikisoma, mstari mmoja naushika, nikitafuta wa pili umepotea."

Nilikaa chini pale pale kwenye udongo. Mama na baba mdogo waliendelea kushindilia shina bila kutuangalia, na nikawashukuru kimoyomoyo.

"Tangu lini?"

"Tangu kabla ya ile siku ya chuoni. Makala yako nilihangaika nayo, nikafika mwisho wa ukurasa wa kwanza. Nikaona aibu kuwaambia watu. Nikasema nilichokuwa nacho, na nilichokuwa nacho kilikuwa kilio tu." Akapangusa magoti bila sababu. "Na leo nimebeba mpaka wa watu huku nadhani nimebeba msamaha. Hoja hiyo nakuachia. Sale halikuningoja mimi nilipatie maana."

Ningeweza kushangilia, miaka yote ile nilikuwa nikimtafutia neno kama hilo. Badala yake niliumia, kwa sababu nilielewa kwamba ameiachia hoja kwa vile hana tena macho ya kuigombania.

Tulipanda kurudi uani, nikimshika mkono, mama akaandaa chai. Mwalimu akatia mkono mfukoni mwa koti alilovaa juu ya kanzu, akatoa makala yangu, imekunjwa hata pembe zimechakaa.

"Soma," alisema.

"Kutoka ukurasa wa pili?"

"Kutoka mwanzo."

Nilianza. Nilipofika kwenye ile asubuhi, mlima uko wazi na baba yuko ndani amefunikwa shuka, sauti ikanikatika. Mwalimu alisubiri, uso wake umenielekea mimi tu, kwa kuwa ndio uliotosha kwenye tundu lake.

"Lia," alisema, "halafu uendelee. Mimi bila wewe sifiki ukurasa wa pili."