Akaunti Niliyodhani Nimeifunga

Mume wangu alianza kunirudishia maneno yangu mezani, mbele ya wageni. Tulikuwa tunakaa Mkolani. Yeye alikuwa na duka la steshenari, anatoa kopi na kuchapa barua za watu, mimi nasuka nywele saluni kule Igogo. Jioni moja alikuja mdogo wake na mkewe. Nikapakua ugali na sato wa kuchemsha, tukanawa, naye huku akichambua miba akasema, "Shemeji yako anadai nikilala nakoroma kama kiboko."

Wakacheka. Nikacheka na mimi, maana ningefanya nini? Lakini nikajiuliza kayajuaje. Maneno hayo nilikuwa nimemwandikia mtu mmoja tu, dada yangu wa Kiseke.

Tangu siku hiyo kila chakula kikawa na kitoweo chake. Nikimwandikia dada kwamba nimechoka, mume wangu ataniuliza nimechoshwa na nini, mimi ninayekaa tu na vitana. Nikimwandikia kwamba mama mkwe ananiandama, kesho yake mama mkwe anapiga simu kunisalimu kwa sauti tamu ya kutisha. Mwishowe nikampigia dada.

"Dada, kuna mambo unaongea na shemeji yako?"

"Mimi? Mdogo wangu, mimi hata salamu zake nazipata kwako."

Nilimwamini, lakini si sana. Basi nikaamua kuachana na mambo ya ujumbe kabisa. Nikaiondoa ile programu ya ujumbe kwenye simu, ikapotea kwenye kioo, nikalala usingizi mzuri. Nilidhani nimeifunga akaunti. Kumbe nilichoondoa ni programu tu. Akaunti yenyewe ilibaki wazi.

Dada akaacha kupokea simu zangu. Nilipotuma salamu kwa shemeji yangu, mume wake, akajibu kwa ufupi, "Mwache kwanza."

Siku moja nikaenda dukani kwa mume wangu mchana, kumpelekea chakula. Alikuwa ametoka kufuata karatasi mjini, kaacha mlango umerudishiwa tu. Nikakaa kwenye kiti chake kumsubiri. Kompyuta ilikuwa inawaka, na kwenye pembe ya kioo kulikuwa na picha ndogo ya mwanamke mwenye kitenge cha njano. Ilinichukua muda kujitambua. Akaunti yangu yote ilikuwa pale: wateja wangu, kwaya, ukoo, dada.

Nikafungua mazungumzo yangu na dada. Alikuwa ameandika, "Mbona kimya, uko salama?" Chini yake kulikuwa na jibu, limeandikwa kwa jina langu, kwa namna yangu ya kuandika, hata ule mtindo wangu wa kukatisha maneno:

"Niache na ndoa yangu. Ww hata mimba zinakukimbia, utanifundisha nn kuhusu nyumba?"

Dada alikuwa amepoteza mimba tatu. Ya tatu hakumwambia hata mama. Aliniandikia mimi.

Jibu lake lilikuwa maneno matatu. "Asante, mdogo wangu."

Mume wangu akaingia na karatasi zake begani. Aliniona, akaona kioo, wala hakushtuka. Akaweka mzigo chini, akafunua hotipoti. "Umeleta nini leo?" akauliza, akaanza kula.

Nikakipiga picha kile kioo kwa simu yangu, nikaondoka. Saluni, mwenzangu mmoja akanishika mkono tukaifanya kazi kwa mpangilio. Tukairudisha programu, nikaingiza namba ya siri iliyotumwa kwenye laini, tukatafuta mahali panapoonyesha vifaa vilivyounganishwa. Kompyuta ya dukani ilikuwepo. Tukaikata. Nikahifadhi picha za marehemu baba zilizokuwa kwenye kundi la ukoo, nikajitoa kwenye makundi, nikawapigia wateja mmoja mmoja kwamba namba hii isiaminiwe tena. Ndipo nikaingia kwenye mipangilio, nikachagua kufuta akaunti yenyewe. Ikanionya kwamba kila kitu kitapotea na hakitarudi. Nikaandika namba yangu, nikabonyeza. Kesho yake nikasajili laini mpya kwa kidole changu, kwa sababu ile ya zamani ilisajiliwa kwa kidole chake tulipooana.

Usiku wa siku ile niliyofuta akaunti, nilipokuwa nafunga nguo zangu, alisimama mlangoni. "Kwa hiyo umenizimia redio yangu," akasema.

Nilikwenda Kiseke. Dada alikuwa anaanika dagaa uani. Akanitolea kigoda, akaangalia zile picha za kioo cha kompyuta moja baada ya nyingine, akazirudia.

"Nimeelewa hukuandika wewe," akasema.

"Basi nisamehe, dada."

"Nikusamehe nini, na hukuandika? Ila wakati nasoma niliisikia sauti yako. Hata sasa ukiongea naisikia hiyohiyo." Akachota dagaa wengine, akawatandaza. "Usije kwa muda. Nitakuita."

Hajaniita. Kwenye harusi ya binamu yetu alinipa sahani ya pilau kama anavyompa mgeni, akaenda meza nyingine.

Baadaye mteja mmoja, nikiwa namsuka, akaniambia, "Ile namba yako ya zamani imerudi hewani. Ila picha siyo yako." Akanionyesha. Msichana mzuri, meno meupe, amesimama kwenye kizingiti nilichokuwa nikikipiga deki kila asubuhi. Mume wangu alikuwa ameirudisha laini, kampa mwingine.

Nilifikiri kwa siku kadhaa, kisha nikapiga. Nikamsalimu, nikamwambia mimi ni nani, nikamwambia aangalie vifaa vilivyounganishwa, kwamba ile kompyuta ya dukani inasoma kila anachoandika, aikate leo hii kabla hajamwandikia mtu anayempenda.

Alicheka, tena kicheko cha upole.

"Alishaniambia utapiga," akasema. "Alisema utaanza na hayo ya kompyuta."

Akakata simu.